Le Comte de Monte-Cristo: Riwaya ya Usaliti na Kisasi Inayostahili Kusomwa Bila Kufupishwa

Alexandre Dumas alipoanza kuichapisha riwaya hii katika gazeti la Journal des débats la Paris mwezi Agosti 1844, wasomaji wake waliipokea kipande kwa kipande, na iliwabidi wasubiri hadi Januari 1846 ndipo waifikie tamati. Msomaji wa leo huikuta nzima mbele yake, sura 117 ndani ya kitabu kinachozidi kurasa elfu moja, na swali la kwanza linalomjia ni iwapo hadithi ya mtu aliyesalitiwa akajilipizia kisasi inahitaji kweli urefu wote huo. Kwa maoni yangu inauhitaji. Nani aliangushwa na kwa njia gani ni mambo yanayoweza kusimuliwa kwa kurasa mia mbili, lakini namna uovu mdogo unavyokomaa kwa miaka zaidi ya ishirini, namna wasaliti wanavyojijengea heshima juu yake, na namna aliyedhulumiwa anavyogeuka kuwa mtu mwingine kabisa, hayo hayaelezeki kwa haraka. Ninaandika tathmini hii nikiwa na nia moja, nayo ni kumshawishi anayetaka kuinunua au kuiazima riwaya hii atafute toleo kamili.

Hadithi inaanza tarehe 24 Februari 1815, siku ambayo meli ya Pharaon inaingia bandari ya Marseille ikitokea Smyrna kwa kupitia Trieste na Napoli. Nahodha wake amefariki safarini kwa homa, na aliyeifikisha salama ni msaidizi wake, Edmond Dantès, kijana wa miaka 19. Mwenye meli, Bwana Morrel, amependezwa naye na yuko tayari kumpa unahodha. Baba yake mzee anamngoja nyumbani. Mchumba wake, Mercédès, anamngoja katika kijiji cha Wakatalani kilicho kando ya mji. Kabla siku ya nne haijaisha, kijana huyo amekamatwa mezani, katika karamu ya posa yake, na hajui kosa lake ni nini.

Sura zinazoeleza jinsi usaliti huo ulivyosukwa ndizo bora kabisa katika riwaya nzima, na inafaa kuzisoma taratibu. Danglars, karani wa shehena wa Pharaon, anauonea kijicho unahodha ambao kijana anakaribia kuupata. Fernand, binamu yake Mercédès, anamtaka binti huyo na amekataliwa. Caderousse, mshona nguo na jirani wa akina Dantès, hana ugomvi wowote na kijana, isipokuwa kwamba bahati ya mwenzake inamkera. Watatu hao wanakutana kwenye meza ya kilabu cha pombe. Danglars anaandika barua ya kumshtaki Dantès kuwa ni mfuasi wa Napoleon aliyebeba ujumbe kutoka kisiwa cha Elba, alikokuwa uhamishoni Napoleon, na anaiandika kwa mkono wa kushoto ili mwandiko usijulikane. Kisha anaikunja, anaitupa pembeni, na kusema kwamba yote yalikuwa mzaha. Fernand anaiokota. Caderousse ameona kila kitu, lakini amelewa, na asubuhi ulevi ukishamtoka anaogopa kusema.

Tazama namna Dumas alivyogawa hatia hiyo. Aliyeandika hakuipeleka barua, aliyeipeleka hakuiandika, na aliyeshuhudia anaweza kujiambia kwamba hakufanya lolote. Kila mmoja ana upenyo wa kutorokea mbele ya dhamiri yake, na kwa sababu hiyo kila mmoja anaweza kuishi miaka mingi baadaye bila kujiona kuwa muuaji. Wahenga walisema kikulacho ki nguoni mwako, na wote watatu wamekaa karibu na Dantès kiasi hicho: wanamsalimu, wanaijua furaha yake, na wawili kati yao wanakula kwenye karamu yake huku wakijua kwamba askari wako njiani.

Mkosaji wa nne ni mzito kuliko hao, na hana hata chuki. Gérard de Villefort ni msaidizi wa mwendesha mashtaka, kijana mwenye tamaa ya kupanda cheo, ambaye naye ameitwa kutoka kwenye sherehe ya posa yake siku hiyohiyo. Anamhoji Dantès, anauona usafi wake wa moyo, na amekwisha kuamua kumwachilia, hadi anapolisoma jina la mtu aliyekusudiwa kupelekewa ujumbe wa Elba. Ni Noirtier, baba yake mwenyewe, mfuasi wa Napoleon. Villefort anaichoma barua mbele ya mtuhumiwa, na Dantès, akidhani kwamba ushahidi pekee dhidi yake umeteketezwa kwa huruma, anamshukuru. Usiku huo anapelekwa kwa mashua hadi ngome ya Château d'If, kwenye kisiwa kilicho mbele ya Marseille. Villefort naye anakimbilia Paris kumwonya mfalme Louis wa 18 kwamba Napoleon ametoroka Elba, na onyo hilo linamfungulia mlango wa cheo.

Nimekaa juu ya mwanzo huu kwa sababu matoleo mafupi huupitia mbio ili msomaji afike gerezani mapema. Wanaofanya hivyo hawajaona kwamba kisasi chote kitakachofuata kimepimwa kwa kipimo cha siku hizo nne. Kuna hata tukio dogo baadaye, ambalo hukatwa mara nyingi, linaloeleza unyonge wa mtu mbele ya dola kuliko sura nyingine yoyote. Napoleon anaporudi madarakani kwa ile miezi mitatu ya mwaka 1815, Morrel anakwenda kwa Villefort kumwombea kijana wake. Villefort anamshauri kwa upole aandike ombi linaloeleza, kwa kutia chumvi, jinsi Dantès alivyomtumikia Napoleon. Morrel anaandika kwa furaha. Villefort analihifadhi ombi hilo bila kulipeleka popote, na Napoleon anapoanguka tena, karatasi iliyoandikwa kumwokoa mfungwa inakuwa ndiyo hati inayomzika.

Dantès anakaa Château d'If miaka 14. Dumas haharakishi. Anatuonyesha mfungwa anayeanza kwa kudai haki, akahamia kwenye kuomba, akasali, akalaani, na mwishowe akaamua kufa kwa kukataa chakula. Ni katika ukingo huo wa kufa ndipo anaposikia kitu kikikwaruza ukutani. Kasisi Faria, msomi Mwitaliano ambaye walinzi wanamwita mwendawazimu, amechimba njia kwa miaka akiamini kwamba itatokea kwenye ukuta wa nje unaoelekea baharini, lakini hesabu yake imekosea na njia imeishia katika seli ya Dantès. Katika shimo lake Faria amejitengenezea kalamu kwa gegedu za vichwa vya samaki, wino kwa masizi na divai, na ameandika kitabu kizima juu ya vitambaa vya mashati yake. Anamfundisha kijana hisabati, historia na lugha mbalimbali. Pia anamfundisha kufikiri, na somo la kwanza la kufikiri ndilo linaloharibu amani yake: kwa kumuuliza ni nani aliyefaidika na kufungwa kwake, mzee anamfumbulia Dantès kile ambacho mwenyewe hakuwa amekiwaza kamwe. Majina ya Danglars na Fernand yanajitokeza, kisha la Villefort.

Mara baada ya kumfumbulia fumbo hilo, Faria anajuta. Anamwambia kijana kwamba amemtia moyoni kitu ambacho hakikuwamo, yaani kisasi. Maneno hayo yanapita haraka na msomaji mwenye pupa anaweza asiyaone, lakini mimi ninayaona kuwa ndiyo kiini cha kitabu. Elimu na chuki zimeingia katika akili ya Dantès kwa mlango mmoja na kwa siku moja, na mtu aliyemletea zote mbili alikuwa akimpenda kama mwanawe. Toka hapo hatujui tena tutenganishe vipi hekima yake na ukatili wake. Hata kutoroka kwake, tukio maarufu ambalo wengi hulijua bila kusoma kitabu, lina uchungu huo ndani yake. Anajishonea ndani ya gunia la sanda lililokusudiwa maiti ya Faria, akitarajia kuzikwa ardhini, na anagundua akiwa hewani, tufe la mzinga la ratili 36 likiwa limefungwa miguuni pake, kwamba makaburi ya Château d'If ni bahari.

Dumas alikuwa na sababu za karibu za kuijua habari ya gereza. Baba yake, Thomas-Alexandre Dumas, alizaliwa mwaka 1762 katika koloni la Ufaransa la Saint-Domingue, nchi inayoitwa leo Haiti, akiwa mtoto wa kabaila Mfaransa na mwanamke mtumwa aliyeitwa Marie-Cessette. Alipanda hadi kuwa jenerali katika jeshi la Mapinduzi, akakosana na Napoleon wakati wa vita vya Misri, na alipokuwa akirejea Ufaransa mwaka 1799 alitekwa katika Ufalme wa Napoli na kufungwa hadi mwaka 1801. Alitoka gerezani afya yake ikiwa imeharibika, hakupewa haki zake, akafa mwaka 1806 wakati mwanawe hajatimiza miaka minne. Mashina ya hadithi yenyewe yalitoka kwingine: Jacques Peuchet, aliyefanya kazi katika hifadhi ya nyaraka za polisi wa Paris, aliandika kisa cha mshona viatu aliyeshtakiwa kwa uongo na marafiki zake alipokaribia kuoa, akapata utajiri kupitia mfungwa mwenzake, akarudi kuwaua mmoja mmoja. Dumas alikichukua kisa hicho, na kwa msaada wa Auguste Maquet, mwandishi mwenzake ambaye jina lake halikuwekwa kwenye jalada, akakigeuza. Badiliko kubwa ni kwamba mshona viatu yule aliua kwa mkono wake, ilhali shujaa wa Dumas karibu haui mtu. Anawafungulia adui zake mlango, nao wanaingia wenyewe.

Kabla ya kisasi huja malipo ya fadhila, na hapa ninamsifu mwandishi kwa mpangilio wake. Dantès, akiwa sasa na hazina ya familia ya Spada, ambayo Faria alimfunulia siri yake na ambayo ameikuta kwenye kisiwa cha Monte Cristo, anarudi kwanza kwa siri kuuliza habari. Anaambiwa kwamba baba yake alikufa kwa njaa, na kwamba Morrel, ambaye alimsaidia mzee huyo na kumwachia mfuko mwekundu wa hariri wenye pesa, yuko karibu kufilisika. Sura iitwayo tarehe ya 5 Septemba, ambamo Morrel amekaa na bastola akihesabu dakika zilizobaki kabla deni lake halijaiva, ni mojawapo ya sura zenye mvuto mkubwa kuliko zote nilizozisoma katika riwaya za karne ya 19. Mfuko uleule mwekundu unarudi ukiwa na hati ya deni lililokwisha kulipwa, faranga 287,500, pamoja na almasi. Mfadhili ameweka sahihi ya Sindbad Baharia, jina ambalo kila aliyesoma Alfu Lela Ulela atalipokea kwa tabasamu. Kisha Dantès anauaga wema. Anasema kwamba amekwisha kuchukua nafasi ya Mungu katika kuwatuza wema, na sasa anaomba nafasi hiyohiyo katika kuwaadhibu waovu.

Kuanzia hapo wasomaji wengi hulalamika, na malalamiko yao yana msingi. Hadithi inaruka karibu miaka tisa, inahamia Roma wakati wa karnivali ya mwaka 1838, na wahusika wapya wawili, Albert de Morcerf na Franz d'Épinay, wanashika usukani. Dantès ametoweka; badala yake kuna kabaila wa ajabu (comte kwa Kifaransa) aitwaye Monte Cristo, ambaye ndiye yeye kwa jina jipya, mwenye uso mweupe kama wa maiti, anayezungumza kuhusu mateso na hukumu za kifo kwa utulivu unaotisha. Baadaye tunahamia Paris, kwenye kumbi za matajiri, maigizo, karamu, farasi na mahari, na majina yanaongezeka kila sura. Aliyezoea mwendo wa sehemu ya kwanza atadhani kwamba mwandishi amepotea njia.

Mwandishi hajapotea. Paris inatuonyesha kile ambacho usaliti wa siku nne umezaa. Fernand amekuwa Jenerali na Comte de Morcerf, mjumbe wa Baraza la Juu la Ufaransa, mume wa Mercédès na baba wa Albert. Danglars ni baroni na mwenye benki. Villefort ni mwendesha mashtaka wa mfalme, mtu ambaye Paris nzima inamwogopa kwa uadilifu wake. Kuwaona wakiheshimiwa, wakipokea wageni, wakiwapenda au kuwapuuza watoto wao, ni jambo la lazima, kwa sababu kisasi cha Monte Cristo kimejengwa juu ya heshima hiyo. Kila mmoja anaangushwa kwa kitu kilekile kilichompandisha. Fernand alipanda kwa kumsaliti Dantès, kisha kwa kumsaliti Ali Pasha, mtawala wa Janina aliyeuawa mwaka 1822, na aibu yake inafichuliwa na mtu aliyekuwapo akiwa mtoto. Danglars aliabudu pesa, na pesa ndizo zinazomtoroka. Villefort aliitumia sheria kujificha, na sheria ndiyo inayomvua nguo hadharani, ndani ya mahakama yake mwenyewe.

Katika sehemu hiyo ya Paris kuna tukio ambalo msomaji wa zama zetu hatalisahau. Wakati huo Ufaransa ilikuwa ikipeleka habari kwa minara iliyosimama kileleni pa vilima, kila mnara ukirudia ishara za mwenzake kwa mikono mikubwa ya mbao. Monte Cristo anautembelea mmoja wa minara hiyo, karibu na Montlhéry, na kumkuta mtumishi mnyenyekevu ambaye shida yake kubwa duniani ni wanyama wadogo wanaomlia matunda ya bustani yake. Kwa faranga 25,000 mtu huyo anakubali kupeleka ishara za uongo kuhusu siasa za Hispania. Habari zinafika kwa waziri, zinavuja, Danglars anaziuza hatifungani zake za Hispania kwa hofu, na kesho yake gazeti linatangaza kwamba ilikuwa makosa. Dumas alikwisha kuelewa, miaka 180 iliyopita, kwamba aliyeshika njia ya habari ameshika soko, na kwamba mlinzi wa njia hiyo huwa ni mtu mdogo mwenye mshahara mdogo.

Mhusika mwingine anayeipa Paris uzito ni mzee Noirtier. Amepooza mwili mzima na hawezi kusema, ila macho yake yako hai. Mjukuu wake Valentine humsomea alfabeti, kisha kamusi, naye hufumba macho kukubali. Kwa njia hiyo ngumu mzee anaandikisha wasia mbele ya wathibitishaji, anavunja ndoa ambayo mjukuu wake haitaki, na anamlazimisha kijana mmoja aisome kwa sauti hati ya zamani inayofichua jinsi baba wa kijana huyo alivyokufa. Sitaeleza zaidi. Nitasema tu kwamba mtu asiyeweza kuinua kidole ndiye mwenye nguvu kuliko wote nyumbani kwa Villefort, na kwamba sura hizo zingetosha kumpa Dumas jina hata kama asingeandika kitu kingine.

Riwaya ina kasoro, na baadhi si ndogo. Sadfa ni nyingi mno: watu wanaohitajika hupatikana kila mara mahali wanapohitajika, na kila mhusika ana undugu au deni na mwingine. Monte Cristo akijifanya padri, au bwana wa Kiingereza, hakuna anayemtambua, hata waliokula naye jana. Utajiri wake hauishi, na kuna sura ambamo hofu yote hupungua kwa sababu tunajua kwamba fedha itatatua kila kikwazo. Vijana wanaopendana, Valentine na Maximilien, mwana wa Morrel, wanazungumza kwa mtindo wa kulia na kuapa ambao umechakaa kwa miaka.

Kasoro iliyonisumbua zaidi ni namna Monte Cristo anavyomiliki watu. Haydée, binti wa Ali Pasha, amenunuliwa sokoni akiwa mtumwa, na ingawa anaishi kama malkia, mapenzi yake kwa mkombozi wake yameandikwa bila yeye kupewa nafasi ya kutosha ya kuwa mtu kamili. Ali, mtumishi mweusi asiyeweza kusema, ana hali mbaya zaidi: bwana wake anasimulia mbele ya mgeni kwamba alingoja hadi Ali alipokatwa ulimi kwa amri ya Bey, yaani mtawala, wa Tunis ndipo akaenda kumwombea uhai, kwa kuwa siku zote alitamani mtumishi bubu. Unaweza kusema kwamba tukio hilo linaonyesha ugumu wa moyo wa Kabaila, na ni kweli linauonyesha. Hata hivyo, riwaya hairudi kamwe kumuuliza Ali anaonaje, na kwa mwandishi ambaye bibi yake alikuwa mtumwa, katika miaka ambayo Ufaransa ilikuwa bado haijaufuta utumwa katika makoloni yake, ukimya huo unauma. Ninapenda riwaya hii kwa moyo wote, na kwa sababu hiyohiyo siwezi kuliruka jambo hili.

Swali linalobaki ni iwapo Dumas anakitukuza kisasi. Wengi walioitazama hadithi hii kwenye filamu husema kwamba anakitukuza, nami naona wanakosea. Mercédès pekee ndiye aliyemtambua Dantès tangu mwanzo, kwa sauti, na anapokuja usiku kumwombea maisha mwanawe aliyeandaliwa kupigana naye kwa bastola, ujenzi wote wa Kabaila unatikisika. Anamkubalia, na kukubali kwake kuna maana kwamba yeye mwenyewe ndiye atakayekufa asubuhi. Kisha linakuja pigo ambalo hakulipanga. Mke wa Villefort, ambaye Monte Cristo alimweleza mengi mno kuhusu sumu na kuuacha uovu wake ukue, anamaliza mambo kwa namna inayomhusisha Édouard, mtoto wake mdogo. Villefort anamshika mkono Kabaila, anampeleka kwenye chumba na kumuuliza kama kisasi chake kimetimia. Mtu aliyejiita mkono wa Mungu anambeba mtoto, anahangaika kumrudishia uhai, na anatoka akiwa amejua kwamba amevuka mpaka.

Dumas angeweza kumsamehe shujaa wake hapohapo, lakini anamrudisha Château d'If, ngome ambayo haina wafungwa tena, akiwa mgeni anayeongozwa na mtembeza wageni. Anasimuliwa habari zake mwenyewe na mtu asiyemjua. Anaingia katika seli yake, kisha ya Faria, na analazimika kujiuliza upya kama alikuwa na haki. Sura hii ni fupi, na katika matoleo yaliyofupishwa mara nyingi haimo kabisa. Bila ya hiyo, adui wa mwisho anapopewa adhabu tofauti na wenzake, msomaji haelewi ni kwa nini mkono umelegea, na barua ya mwisho ya Monte Cristo, inayosema kwamba hekima yote ya mwanadamu imo katika kungoja na kutumaini, inasikika kama pambo tu.

Kwa hiyo anayekwenda kuchagua nakala afungue kwanza orodha ya sura. Toleo kamili lina sura 117. Likiwa na 70 au 80, kuna kilichokatwa, hata kama jalada halisemi. Atazame kama Roma na karnivali zimo, kama mnara wa ishara umo, na kama safari ya pili ya Château d'If imo. Kwa wanaosoma kwa Kiingereza, tafsiri isiyo na jina la mfasiri iliyotoka London mwaka 1846 ndiyo iliyochapishwa tena na tena kwa zaidi ya karne, na ingali inasomeka, ila ililainisha mambo ambayo watu wa wakati huo waliyaonea haya, hasa ndoto za hashishi na urafiki wa Eugénie, binti wa Danglars, na mwalimu wake wa muziki, ambao kwa Kifaransa umeandikwa kwa uwazi zaidi. Tafsiri ya Robin Buss ya mwaka 1996 imeyarudisha, na Kiingereza chake ni chepesi. Anayesoma Kifaransa asiogope, kwa kuwa Dumas anaandika kwa mazungumzo mengi na sentensi zinazokwenda mbio, na msomaji wa kiwango cha kati ataweza kumfuata. Sura nyingi ziliandikwa zisomwe gazetini kwa siku moja, na kasi hiyo ndiyo inayozifaa hadi leo: sura moja au mbili kwa siku, na majina ya familia za Paris yakiwa yameandikwa kwenye karatasi ndani ya kitabu, hadi ukurasa wa mwisho.